Barua ya wazi kwa mabinti mlioingia kambi ya Miss Tanzania

Wanangu,

Nawaandikia mimi fundi cherehani, niliyewashonea warembo wa Dar es Salaam magauni ya jukwaani karibu tangu mashindano haya yaliporudi mwaka 1994, baada ya kusimama kwa zaidi ya robo karne. Ninyi mnawaza usiku wa taji. Mimi kinachonikosesha usingizi ni miaka inayofuata, kwa kuwa taji lenyewe hukaa kichwani mwaka mmoja, kisha huvikwa mwingine.

Mtazameni dada yenu Hoyce Temu, aliyekuwa Miss Tanzania mwaka 1999. Alipoanza kuendesha kipindi chake cha televisheni, Mimi na Tanzania, kilichorushwa na Channel Ten, kamera ambayo ingeweza kubaki usoni pake aliipeleka kwa wagonjwa na kwa watu waliolemewa na shida, akakaa nao, akawauliza kwa upole na kuwaacha wamalize, hata watazamaji wakaguswa na kutoa msaada. Watu walimfahamu kwa uzuri, lakini wakamwamini kwa kazi hiyo, na mwaka 2021 Rais Samia Suluhu Hassan akamteua kuwa balozi, Naibu Mwakilishi wa Kudumu wa Tanzania katika Umoja wa Mataifa, Geneva. Kunyamaza mwenzako anapotafuta maneno ya kueleza machungu yake ni ufundi unaofunzwa, kama kukata kitambaa cha hariri. Anzeni kujifunza sasa, huko huko kambini, kwa kuulizana na kusikilizana, kwa kusoma magazeti kila siku na kukisema Kiswahili chenu kwa ufasaha. Mtakaoitwa studioni kuulizwa habari za wachumba wenu tu, nawasihi mkatae. Mambo hayo huchosha watazamaji upesi, nanyi mtabaki nayo maisha yote.

Nina jambo linalonichoma. Miaka mingi iliyopita nilikuwa nimepiga magoti nikipima upindo wa gauni la mshindi mmoja, pini zimejaa mdomoni, akaingia mtu na karatasi za mkataba wa matangazo. Binti alizilaza juu ya cherehani yangu, akatia sahihi kila ukurasa bila kusoma hata mstari mmoja, kwa kuwa gari lilikuwa likimsubiri nje. Niliona, nikanyamaza. Baadaye alilia mbele yangu, kwa sababu picha zake zilikuwa zimetapakaa mjini naye hakuwa na haki ya kudai hata shilingi.

Sitanyamaza tena. Mkija kupimwa, njooni na mikataba yenu. Tutaketi kwenye benchi langu na mzazi wako au mwanasheria, tuisome mpaka ukurasa wa mwisho, ndipo nichukue futi ya kupimia.

Mama yenu, fundi.