Barua kwa vijana walioandika skripti kwa wiki mbili

Wanangu wa kikundi cha filamu,

Skripti mliyoniletea nimeisoma mara mbili. Mlinieleza kwa fahari kwamba mmeimaliza kwa wiki mbili, na kweli inaonekana. Mengine tutaambiana tukiketi. Leo nataka niwasimulie habari za mama mmoja Mjerumani, mwandishi na mwongozaji wa filamu, kwa kuwa kazi yake ilifika hadi huku kwetu Kenya.

Caroline Link alizaliwa 1964 mjini Bad Nauheim, akasomea filamu Munich. Alianza kwa kuandikia televisheni vipindi vya polisi, kazi ambayo nyinyi mngeikunjia pua. Filamu yake ya kwanza ya sinema, Jenseits der Stille, ilitoka 1996. Inamhusu Lara, msichana anayesikia, ambaye wazazi wake ni viziwi. Shuleni mwalimu anamlalamikia mama kuhusu mtoto, na mkalimani ni mtoto mwenyewe. Basi anatafsiri yanayomfaa! Nilicheka, halafu nikanyamaza. Mimi nami utotoni nilikuwa nikimsomea nyanya barua za mjomba, na mistari iliyonitaja vibaya nikiiruka.

Tazameni alivyowachagua waigizaji wake. Wazazi wale waliigizwa na viziwi wenyewe, Emmanuelle Laborit wa Ufaransa na Howie Seago wa Marekani. Angeweza kuchukua nyota wanaosikia na kuwafundisha kupungapunga mikono. Hakufanya hivyo, na filamu ikateuliwa kuwania Oscar. Nyinyi katika skripti yenu mmeweka mzee Mpokomo anayezungumza kama mtangazaji wa redio. Ni nani kati yenu aliyewahi kuketi na mzee Mpokomo?

Mwaka 2001 ikaja Nirgendwo in Afrika, kutoka kitabu cha Stefanie Zweig kuhusu utoto wake. Familia ya Kiyahudi inawakimbia Wanazi, inaishia shambani Kenya mwaka 1938. Kitabu kinamfuata zaidi mtoto; Link akaisogeza hadithi kwa wazazi, kwenye ndoa inayopasuka kidogo kidogo juani. Hilo ndilo naliita kuandika skripti. Kunakili kitabu kurasa kwa kurasa hata karani anaweza. Tena akaja kupiga picha hapa hapa Kenya, na waigizaji wake Wajerumani wakalazimika kusema Kiswahili. Kiswahili chao kina makwaruzo, lakini ndivyo wageni wanavyokisema.

Oscar ya filamu bora ya lugha ya kigeni aliipata 2003. Ukumbini hakuwepo, alibaki na bintiye mchanga aliyekuwa mgonjwa. Tangu hapo hajakimbilia wingi. Im Winter ein Jahr ilitoka 2008, Exit Marrakech 2013, kisha mbili zikafuatana, 2018 na 2019. Hesabuni miaka kati ya hizo tatu za kwanza, halafu mnikumbushe tena zile wiki mbili zenu.

Msidhani nimemfanya malaika. Nina ugomvi na filamu ile ya Kenya. Owuor, mpishi, aliyeigizwa na marehemu Sidede Onyulo wetu, ndiye moyo wake. Anamuuguza bwana, anamlea mtoto, anamvumilia mama anayemwamrisha kwa Kijerumani kana kwamba bado yuko Breslau, mji waliotoka Ujerumani. Onyulo aliigiza kwa macho na kwa ukimya, na mtu ukimtazama unatamani kujua anawaza nini akilala. Lakini kamera huwa naye akiwa na familia ile tu. Wema wake tumeonyeshwa. Uchovu wake, hasira yake, deni lake dukani, hatukuonyeshwa. Simlaumu sana Link. Alikuwa akisimulia habari za watu wake, na alizisimulia vizuri. Aliyepaswa kusimulia upande wa pili wa ule mlango wa jikoni hakuwa yeye.

Mwishoni familia inajiandaa kurudi Ujerumani, ambako baba amepata kazi ya ujaji. Owuor anaondoka kabla yao, hataki kuagwa. Filamu inabaki na familia mpaka kwenye treni. Yeye alienda wapi? Alifika kwao akamkuta nani? Mshahara wa miaka yote ile ulikuwa umejenga nini?

Ile skripti yenu iwekeni kabatini kwanza. Nendeni mkawatafute wazee waliopika katika majiko ya walowezi, wachache waliobaki, na watoto wao. Mkaketi nao, bila kamera, mpaka wachoke kuwaona. Nauli ya safari ya kwanza nitatoa mimi.

Babu yenu, mwalimu mstaafu.