Shoti ndefu za Béla Tarr hazikusahaulika kukatwa

Ndugu Mhariri,

Makala ya ukurasa wenu wa sinema kuhusu Béla Tarr, mwandishi na mwongozaji wa filamu wa Hungaria, ilidai kuwa filamu zake ni ndefu kwa kuwa hakuna aliyejali kuzikata. Tunaomba nafasi tusahihishe.

Kamera ya milimita 35 hupakiwa mkanda wa mita 300. Ukienda picha 24 kwa sekunde, mkanda huo huisha baada ya dakika 11 hivi, na hapo ndipo shoti (kipande kinachopigwa mfululizo bila kukatwa) ndefu kuliko zote inapogota. Mwaka 1982 Tarr aliiongoza Macbeth ya televisheni kwa video, isiyobanwa na mkanda huo. Akaimaliza kwa shoti mbili tu: ya kwanza dakika 5 hivi, ya pili 57.

Shoti ya dakika 10 haina pa kuficha kosa. Kwa kawaida mwigizaji akiteleza, mhariri wa filamu huokoa kipande cha jaribio la tatu akakiunga na cha jaribio la tano. Hapa hakuna wa kuokoa. Kamera ikitikisika relini dakika ya tisa, au fokasi ikipotea kidogo tu, mita zote 300 zimekwenda na kila mtu anarudi alipoanzia. Kwa hiyo ukataji wenyewe hufanywa kabla kamera haijawashwa: nani apite mbele ya lenzi, kamera izunguke lini, taa ipi isionekane. Filamu yake Werckmeister harmóniák (2000) ina dakika 145 na shoti 39. Wastani wa dakika 3 na sekunde 43 kila moja.

Mhariri wa filamu hiyo, Ágnes Hranitzky, anatajwa pia kuwa mwongozaji mwenza, kama ilivyokuwa tena kwenye filamu za Tarr za mwaka 2007 na 2011. Makala yenu haikumtaja hata mara moja.

Wala si kweli kwamba Tarr alianza na shoti ndefu. Családi tűzfészek (1979), kuhusu familia iliyobanana kwenye nyumba moja kwa shida ya makazi, ina kamera ya mkononi, nyuso za karibu na watu wasio waigizaji wa kazi. Mwendo ulibadilika hasa kwenye Kárhozat (1988), muswada alioandika pamoja na László Krasznahorkai, mshindi wa Nobeli ya Fasihi mwaka 2025.

Sátántangó (1994), iliyotokana na riwaya ya Krasznahorkai ya mwaka 1985, ina zaidi ya saa saba. Sura zake 12 zinafuata hatua za tango, sita mbele na sita nyuma. Mwandishi wenu alipendekeza ipunguzwe iwe saa mbili. Atuambie basi ni hatua zipi angezitoa.

Klabu itakayotaka kuionyesha ianze saa nne asubuhi, iweke mapumziko mawili, na moja liwe refu la kutosha watu kula.

Wapenzi wa sinema,
Dar es Salaam