Watu wa kule si tatizo

Ndugu Mhariri,

Uhalifu ukizidi mahali, husikika kauli ileile: watu wa kule ndivyo walivyo. Inaniuma, maana watafiti walishalijibu jambo hili zamani. Clifford Shaw na Henry McKay walichora ramani za makosa ya vijana mjini Chicago, Marekani, na matokeo yao ya 1942 yalionyesha kuwa mitaa ileile ya kimaskini iliendelea kuongoza hata wakazi wake walipohama na wengine wa asili tofauti kabisa wakaingia.

Mwaka 1997 Robert Sampson na wenzake walichapisha utafiti uliohoji wakazi 8,782 wa mji huohuo. Maswali yalikuwa ya kawaida: watoto wakitoroka shule na kuzurura mtaani, jirani atawakemea? Ugomvi ukizuka mbele ya nyumba yako, kuna wa kuamua? Palipokuwa na majirani wanaoaminiana na walio tayari kuingilia kati, ukatili ulikuwa mdogo, hata ilipolinganishwa mitaa yenye umaskini sawa.

Lakini (hapa wengi huishia njiani) kuaminiana huko hakuzuki tu. Hudhoofika pale dhiki inaporundikana na watu wakawa wa kuhamahama. Anayefukuzwa nyumba kila baada ya miezi michache atajuaje huyu ni mtoto wa nani? Kwa hiyo tunapodai doria, tudai pia kodi za nyumba zinazolipika na kazi zinazodumu. Nanyi waandishi, mkiripoti wizi, tafadhali ulizeni pia mtaa ule umenyimwa nini.

Msomaji wenu