Taarifa ya mwenyekiti: mwaka wa Baloji, manamba na hela ya skana

Wanachama wenzangu, habari za siku. Katibu kaniomba nisiandike ndefu kama mwaka jana, haya naanza na yasiyo na mjadala: ada zimekuja vizuri japo wapo wanaojijua, kodi ya chumba imelipwa, projekta imerudi kwa fundi na bado inazingua.

Kilichotubeba mwaka huu ni vikao vya kujadili kazi za Sammy Baloji. Kwa waliokosa, jamaa ni msanii wa picha wa Lubumbashi, Kongo, kazaliwa 1978, na huo ni mji ulioishi kwa shaba ya Union Minière, kampuni ya Wabelgiji iliyoanzishwa 1906, baadae serikali ikaichukua ikaja kuitwa Gécamines, miaka ya 90 mambo yakaharibika na 2003 wafanyakazi zaidi ya 10,000 wakalipwa chao wakaambiwa kwaherini. Sasa yeye kwenye ile kazi ya 2006 kachukua picha za zamani za maktaba, nyeusi na nyeupe, akawakata watu, vibarua na mabosi wa kizungu, akawabandika juu ya picha zake za rangi za viwanda hivyo vilivyobaki magofu. Unaona wanaume wamejipanga mstari wanakutazama, nyuma yao chuma kina kutu na hakuna mtu.

Mimi binafsi naona ile kazi yake nyingine ya wadudu inaizidi, najua wengi hamkubali. Picha za mji kutoka angani zimepangwa na picha za inzi na mbu wa makumbusho wamechomwa pini kwenye mistari, kwa sababu wakoloni waliacha eneo tupu kati ya mitaa ya Wazungu na ya Waafrika kwa kisingizio cha malaria, na kuna kipindi kibarua ilibidi apeleke inzi 50 kwa siku ndo apate posho ya chakula. Hamsini! Mzee wetu mmoja akasikia hapo akaanza kutusimulia manamba, wale vibarua wa mkataba wa mashamba ya mkonge, kikao kikaisha usiku.

Ndo tukaingia kazini hapa Tanga kutafuta picha za manamba wetu. Mkonge uko huku tangu 1893 lakini tofauti na Baloji sisi hatuna maktaba ya kampuni ya kufungua, picha ziko kwenye makabati ya bibi zetu. Tumepata boksi la negativu, zile filamu za kusafishia picha, kutoka studio moja ya zamani, nusu zimegandana kwa unyevu, zingine safi kabisa, moja kijana kashika kipande, ile kadi yake ya kazi, kifuani utadhani cheti cha ndoa. Tulitaka tuchape picha yake saizi ya mtu mzima tumsimamishe katikati ya mkonge, meneja wa shamba akagoma, nafikiri aliogopa mambo ya madai. Tutamsimamisha njia ya reli.

Kabla ya hapo tutafute ndugu zake, sitaki tumtundike mtu bila familia kujua.

Naomba mkutano upitishe hela ya skana ya negativu, hata iliyotumika, maana mchwa hawasubiri bajeti. Uchaguzi wa mweka hazina ni siku hiyohiyo, fomu ziko kwa katibu, na safari hii asiyelipa ada hapigi kura.