Coyote ni mmoja, Mhariri

Ndugu Mhariri,

Makala yenu ya wiki iliyopita, ile ya mtoa hadithi wa Kanada, Ivan Coyote, niliisoma kwa sauti barazani kwetu hapa Wete. Nilipofika "walizaliwa Whitehorse, Yukon, mwaka 1969", mjukuu wangu akadakia: "Babu, pacha hao?" Mbele kidogo mkaandika kuwa "wao hupanda jukwaani peke yao". Jirani yangu akatua kikombe cha kahawa, akasema basi hilo ni kundi, kama vikundi vya taarabu.

Naelewa lilikotoka kosa. Coyote hajitambulishi kuwa mwanamume wala mwanamke, na Kiingereza, ambacho humtaja mtu kwa neno la kike au la kiume, humwazimia neno la watu wengi. Mfasiri wenu akalibeba na mzigo wake mpaka kwetu. Kwa nini? Sisi "yeye" anatutosha. Amekuja, amekula, ameondoka, na aliyesikia hajui kama ni bibi, seremala au sungura wa kwenye ngano. Kiswahili nilikisomesha skuli mpaka nikastaafu. Mitego yake kwa mtu kama huyu ninaijua, nayo iko kwingine: kaka, dada, Bwana, Bi, shangazi. Hapo ndipo pa kutoka jasho, na hapo ndipo mlipopita mbio mkamwita "dada yetu"!

Lililonikera zaidi ni nafasi. Aya nne mmejadili Coyote ni nani, kazi yake ikapata mistari mitatu. Mtu ameandika vitabu zaidi ya kumi, amezunguka miaka na miaka akitoa hadithi za jamaa zake wa Yukon, ameingia maskulini kusema na watoto wanaoonewa na wenzao. Halafu ikaja korona. Mwaka 2020 kumbi zilipofungwa, alizirudia barua za wasomaji na wasikilizaji alizokuwa amezihifadhi, akakaa kuzijibu. Barua na majibu yake zikatoka kitabu mwaka 2021.

Hilo lingetugusa sisi tuliolelewa na paukwa-pakawa. Marehemu bibi yangu hakuanza mpaka tumwitikie, na akisikia sauti zimepungua, hadithi ilikatika mpaka kesho. Usiku mmoja alikuwa zimwi, bwana harusi na mke wa sultani, sisi kazi yetu kuitikia tu. Mtoa hadithi asiye na wa kumwitikia afanye nini? Coyote aliwatafuta waitikiaji wake ndani ya barua zao. Nilingoja mtueleze hayo, mkarudi tena kwenye "wao".

Masahihisho yenyewe hayana kazi. Walizaliwa, walisema, waliandika: ondoeni ile w ya mwanzo, na "dada yetu" mfuteni kabisa. Wino utabaki wa kutupa hadithi yake moja, hata ikiwa fupi.

Mwalimu mstaafu,
Wete, Pemba