Mhariri, acheni kuwaambia watu wanywe maji tu

Mhariri, salaam.

Gazeti lenu nimelisoma miaka mingi bila kuwaandikia hata mstari, hata mlipoweka picha ya mlima mmoja mkaandika jina la mwingine nilinyamaza nikasema basi, binadamu. Ila hii ya juzi imenishinda. Nasema ile ripoti ya kutembea majangwani na kupanda milima, ile yenye picha kubwa ya dada amenyoosha mikono jua linazama. Kwenye sehemu ya usalama mkaandika kwa herufi nene kabisa: kunywa maji mengi kadri uwezavyo. Mkaishia hapo. Chakula hamkutaja, chumvi hamkutaja, saa za kutembea hamkutaja, msomaji ajaze chupa zake aende zake.

Hivi mnajua kuna watu wanazidiwa jangwani kwa sababu ya kunywa maji? Sio kwa kukosa, kwa kunywa. Jasho linatoka na chumvi, mtu akirudishia maji matupu lita baada ya lita sodiamu ya hiyo chumvi kwenye damu inashuka, kawaida inatakiwa iwe kati ya milimoli 135 na 145 kwa lita, ikishuka sana maji yanahamia kwenye seli na ubongo unaanza kuvimba ndani ya fuvu ambalo halitanuki. Na msiniambie figo zitayatoa, figo zina kikomo chake, na mtu akiwa kwenye kazi nzito mwili unaziamuru zibane maji badala ya kuyaachia. Kwenye mbio za marathoni za Boston mwaka 2002 watafiti walipima damu za wakimbiaji 488 walipomaliza, asilimia 13 sodiamu yao ilikuwa chini, na kilichojitokeza zaidi kwa hao ni kwamba wengi walikuwa wameongezeka uzito njiani. Yaani mtu anakimbia kilomita 42 anamaliza ana uzito kuliko alivyoanza! Sasa hao wako barabarani, gari la wagonjwa lipo hapo pembeni. Huko kwenye makorongo unamwita nani?

Ngoja niwaambie nilichokiona mwenyewe, Grand Canyon, lile korongo kubwa kule Marekani, kwenye njia ya Bright Angel. Ile njia kwa asiyeijua inadanganya, unaanzia juu kwenye ukingo kama mita 2,100 kuna kaubaridi kazuri, unateremka tu miguu inakwenda yenyewe, mto uko chini huko kwenye mita 730 hivi na kila unavyoshuka joto linapanda, halafu kupanda kote kunakungoja mchana wakati umeshachoka. Mlima wa kawaida ukichoka unageuka unateremka, huu ukichoka ndio kwanza unaanza kupanda. Sasa mimi niko njiani narudi juu nikakuta kijana kakalishwa chini ya kivuli cha mwamba, wenzake wamemzunguka, mmoja kashika ule mrija wa mfuko wa maji anamchomeka mdomoni kwa nguvu kama mtu anamlisha mtoto dawa, kijana anageuza uso, wanamwambia kunywa, kunywa, umekauka wewe. Anatapika, na anachotapika ni maji meupe kabisa, masafi, unaweza kudhani yametoka bombani sasa hivi. Wanamfuta, wanampa mengine! Nikamwangalia mikono, vidole vimejaa, pete imezama kwenye nyama hadi ngozi imefanya ukingo huku na huku. Nikauliza amekojoa lini, wakasema ooh anakojoa kila saa, ndio maana tunamwongezea. Jamani! Mtu aliyekauka anakojoa kila saa? Nikawaambia acheni hayo maji, kuna biskuti za chumvi, kuna karanga, kuna chochote? Mmoja akanitolea simu, akanionyesha makala aliyoihifadhi kabla ya safari, akasema hapa wameandika anywe kabla hajasikia kiu, kwani wewe daktari? Mimi sio daktari. Lakini kijana hakumbuki tena ni siku gani na anamwita rafiki yake kwa jina la mtu mwingine, hapo unahitaji udaktari gani? Bahati askari wa hifadhi alikuwa anateremka, na swali lake la kwanza hakuuliza amekunywa kiasi gani, aliuliza amekula nini tangu asubuhi. Wakaangaliana. Tufaha moja. Akakamata ule mrija akaufunga, akaita msaada kwenye redio, na yule mwenye simu akakaa kimya.

Hiyo makala ya kwenye simu sijui ilikuwa ya nani, siwezi kusema ni yenu. Ila ilikuwa na mstari uleule wa kwenu.

Na kinachoniudhi zaidi ni kwamba dalili zinafanana. Kichwa kuuma, kichefuchefu, kulegea, vyote utavipata ukikosa maji na utavipata ukizidisha, ndio maana mtu akishajazwa hiyo habari ya maji maji maji kila dalili kwake ni kiu. Asiyejua atofautishe vipi? Angalau angeambiwa aangalie: huyu amekuwa anakunywa mfululizo bila kula, mkojo mwingi na mweupe, vidole vimevimba, basi msimwongezee. Hiyo ni sentensi moja tu, ingeingia. Sisemi watu waache kubeba maji, msije mkanigeuzia maneno, jangwani usipobeba maji umekwisha, na pale Bright Angel hata kutegemea mabomba ni kamari maana lile bomba kuu lilijengwa miaka ya 1960 na linapasuka kila mara. Beba. Kunywa kiu ikikushika, kula cha chumvi kila unapopumzika, na kiangazi kati ya saa nne asubuhi na saa kumi jioni kaa kivulini, hifadhi yenyewe inayapiga kelele haya mwaka hadi mwaka. Mwandishi wenu angeyasoma tu akanakili.

Milimani nako wimbo ni huohuo. Mtu yuko mita 4,000 kichwa kinampasuka, anaambiwa kunywa maji. Anapepesuka kama mlevi, kunywa maji. Hewa ya huko ni nyepesi, ukifika kama mita 5,500 shinikizo lake ni nusu ya lile la baharini, na hakuna chupa inayorekebisha hilo. Kinachosaidia ni kupanda polepole, ukishavuka mita 3,000 usilale juu ya ulipolala jana kwa zaidi ya mita 500, kila baada ya siku tatu nne upumzike, na akianza kupepesuka ateremke palepale hata kama ni usiku. Lakini ukiwaambia hivyo wanaouza safari za kukimbizana kileleni siku tano Kilimanjaro mita 5,895 wanakuona unaharibu biashara, maji ni rahisi, maji hayaongezi siku.

Halafu ile picha nyingine, ukurasa wa pili, ya minara ya mawe. Eti "kumbukumbu ya safari". Nani aliipitisha hiyo? Kwenye nchi ya mwamba mtupu nyayo hazikai, njia haionekani, alama pekee ni mawe yaliyopangwa na wanaoijua njia. Sasa kila mtu akipita anajijengea kamnara kake apige picha, anayekuja nyuma jua likiwa linazama atafuata lipi? Anafuata la mpiga picha mpaka kwenye ukingo wa kuangukia. Ninyi mnapamba ukurasa nayo.

Kusahihisha najua hamtasahihisha, mtaweka kamstari kadogo pale chini karibu na matangazo ya viwanja. Basi napendekeza hivi: kuanzia sasa kwenye ripoti yoyote ya jangwa au mlima, neno maji lisichapwe bila neno chumvi kuwemo kwenye sentensi hiyohiyo. Mkikosa nafasi kateni ile picha ya machweo, yule dada hata akibaki na mkono mmoja hakuna atakayelalamika. Minara ya mawe itoeni kabisa. Na mwandishi wenu kama anataka kurudia ushauri wake, mpelekeni Bright Angel mwezi wa saba, ashuke saa sita mchana na lita zake zote bila kitu cha kutafuna, ila mumtumie na mtu mwingine nyuma yake aliyebeba karanga.

Msomaji wenu wa siku nyingi