Mjane wa mwaka 1982 hana dari ya jipsamu: barua kwa wanangu wasanifu wa mandhari ya filamu

Wanangu, marahaba.

Leo sina maneno matamu. Juzi nilikaa na wajukuu kutazama filamu yetu moja ya Kibongo, jina nalisitiri. Kisa ni cha mwaka 1982, mjane wa Dodoma anahangaika kutafuta sukari. Kisa kizuri, na yule mama anaigiza hasa. Lakini analia chini ya dari ya jipsamu! Chini vigae vinang'aa, ukutani televisheni bapa, na shemeji mtu anamhesabia noti za elfu kumi. Mwaka ule noti kubwa nchini ilikuwa ya shilingi 100, na Tanzania Bara haikuwa na kituo cha televisheni mpaka 1994. Mjukuu wangu akauliza mbona huyu maskini anaishi vizuri kuliko sisi. Nikakosa jibu.

Utetezi wenu naujua: prodyuza kaazima nyumba ya ndugu yake Mbezi, bajeti imeishia kwa mastaa, kawaambia "pambeni pambeni hapo." Ni kweli wanawaonea. Ila kuiondoa televisheni ukutani kunagharimu shilingi ngapi? Kumwomba mpiga picha asiinue kamera hadi darini je? Hannah Beachler, mtu mweusi wa kwanza kupata Oscar ya usanifu wa mandhari, mwaka 2019, alipitia filamu za hela kidogo kabla ya kukabidhiwa Wakanda, ile nchi ya kubuni ya filamu ya Black Panther.

Sasa nisikilizeni kuhusu ukuta, maana hapa ndipo mnaponitia hasira. Mkiambiwa nyumba ya maskini, mnachukua tope na kurushia ukuta mzima. Nani kawaambia maskini hupaka nyumba yake tope? Ukuta huchafuka pale unapoguswa. Juu ya benchi kuna doa la mafuta ya nywele, usawa wa vichwa vya wanaoegemea. Pembeni mwa mlango kuna weusi wa viganja, na chini kidogo ule wa watoto. Masizi hupanda juu ya kibatari na kuishia njiani. Nje, mvua hurusha udongo mwekundu hadi usawa wa goti, basi. Na mwenye nyumba hiyo huenda ana vitambaa vya kochi vyeupe pee, alivyofuma mwenyewe, anavifua kila Jumamosi. Umaskini si uchafu! Nendeni mkakae kwenye nyumba za watu, mnywe chai, mtazame. Ukirudi utajua kitambaa kipya cha dukani kizeeshwe kwa maji ya majani ya chai, na kiti kipigwe msasa pale tu mikono inapokaa.

Mengine nayataja tu. Soma skripti yote kabla ya kukubali kazi. Orodhesha vifaa vya kila onesho. Chora ramani ya chumba, yenye vipimo. Piga picha seti, yaani mahali mlipopamba, kila mnapofunga kazi, kesho kikombe kisihame. Fundi seremala alipwe kwanza. Mkataba usainiwe kabla hujanunua hata msumari.

Na sisi wazee hatuna usafi wa kuwasema ninyi peke yenu. Mtoto akisema anataka kusanifu seti, tunamuuliza kazi kamili ataifanya lini. Vitu vya zamani tunavipima kwa kilo kwa wanunuzi wa chuma chakavu: karabai, pasi za mkaa, vitanda vya besela. Meza za fomeka tunazipasua kuni. Ofisi zikihama, mafaili na vibao vya milangoni huchomwa uani. Halafu kijana wa miaka ishirini na tatu tunamdai atujengee 1982, aione wapi?

Kwangu limebaki besela moja, redio ya mbao na sanduku la bati. Anayetengeneza filamu ya miaka hiyo aje na pikapu avichukue, nauli juu yake. Ila besela lisipakwe rangi. Kutu yake nimeitunza makusudi.

Babu yenu, fundi seti mstaafu